Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara: Kutembea Kilwa Kisiwani na Mwongozaji

Maswali haya hatukuyabuni. Sisi waongozaji tumeyasikia gatini Kilwa Masoko, ndani ya mashua, kwenye simu za watu wanaopanga safari kutoka Dar es Salaam, na kwa wanafunzi waliokaa kivulini mwa ukuta wa miaka mia saba wakisubiri jibu. Tumeanza na ya msingi, kisha yale yanayomgusa mtu mmoja mmoja. Tukikuelekeza kwenye swali jingine, jibu kamili liko huko.

## Kabla ya safari

Kilwa ni ipi hasa? Nasikia Masoko, Kivinje na Kisiwani.

Zote ni Kilwa, ila kila moja ina umri wake. Kilwa Kisiwani ndiyo ya kale, mji wa mawe uliostawi kuanzia karne ya 11 hadi Wareno walipofika mwanzoni mwa karne ya 16. Kilwa Kivinje iko bara, upande wa kaskazini. Hiyo ilikua karne ya 19 kwa biashara ya pembe za ndovu na watumwa, na ndiko Wajerumani walikomnyonga Hassan bin Omari Makunganya mwaka 1895. Kilwa Masoko ni makao makuu ya wilaya leo, penye gati, soko na nyumba za wageni. Utalala Masoko na kuvuka kwenda Kisiwani. Matembezi tunayoyaeleza hapa ni ya Kisiwani.

Ni magofu matupu, au kuna watu wanaishi?

Kuna watu, na tunaomba ulishike hili kabla hujapanda chombo. Kisiwani ni kijiji. Kuna shule, visima, mashamba madogo ya mihogo, wavuvi wanaotengeneza nyavu chini ya mwembe. Njia unayopita kwenda Msikiti Mkuu ndiyo hiyo hiyo anayopita mama na ndoo yake kichwani. Unaingia nyumbani kwa watu, na wao ndio majirani wa magofu haya miaka yote ambayo hakukuwa na mtalii hata mmoja.

Nafikaje Kilwa Masoko?

Wengi huja kwa basi kutoka Dar es Salaam, upande wa Mbagala. Ni kilomita 300 hivi kwa barabara ya kusini. Utavuka Rufiji kwa Daraja la Mkapa, ufike Nangurukuru, hapo basi la Lindi na Mtwara hunyoosha mbele na wewe unakata kushoto kwenda Masoko. Uliza kabla ya kukata tiketi kama basi linaingia Masoko au linakushusha Nangurukuru. Likikushusha, kuna magari madogo na bodaboda za kukumalizia safari.

Wakati wa masika ulizia hali ya barabara. Mei 2024 mvua na kimbunga Hidaya vilikata barabara maeneo ya Somanga, na watu walikwama pande zote mbili.

Kibali napata wapi?

Masoko, kabla ya kuvuka. Hifadhi ya magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara, mji mwingine wa kale kwenye kisiwa cha jirani, iko chini ya Mamlaka ya Usimamizi wa Wanyamapori Tanzania, yaani TAWA. Viwango hubadilika, kwa hiyo hatuviandiki hapa. Ulizia ofisini siku ile ile. Raia wa Tanzania hulipa kidogo kuliko wageni wa nje, basi njoo na kitambulisho. Dai risiti na utembee nayo.

Lazima niwe na mwongozaji? Mimi ni Mtanzania, Kiswahili nakijua.

Njoo na mwongozaji, tena ikiwezekana mtu wa Kilwa. Magofu hayana maandishi mengi ya kukusomea. Ukiwa peke yako utaona kuta na vichaka. Aliyezaliwa hapa atakuonyesha tundu ukutani ulipochomekwa mwisho wa boriti, na hapo ndipo utaona dari ilipokuwa na kuelewa kwamba umesimama chumbani kwa mtu. Atakusimulia pia yale aliyoyasikia kwa bibi yake, na atakwambia wazi kuwa haya ni ya bibi na yale ni ya wachimbaji wa mambo ya kale. Mwongozaji asiyetenganisha hayo mawili, mwulize mpaka atenganishe.

Nije msimu gani?

Juni hadi Oktoba: mvua zimepungua, jua si kali sana, majani yamelala na kuta zinaonekana. Desemba hadi Februari joto na unyevu huchosha, lakini ukianza mapema inawezekana. Machi hadi Mei ni masika. Njia huteleza na bahari huchafuka.

## Kuvuka

Tunavuka kwa chombo gani, na muda gani?

Mkondo wenyewe ni mwembamba, kilomita 2 hivi. Kwa boti ya mashine ni dakika chache, kwa mashua ya tanga inategemea upepo. Wageni wengi husema kipande walichokipenda kuliko vyote ni kile cha tanga, pale Gereza, ngome ya kale ya ufukweni, linapoanza kuonekana juu ya maji na nahodha hajasema neno. Kama huna haraka, chagua tanga. Jaketi la kuokolea ni la lazima, hata kama unajua kuogelea. Likikosekana chomboni, usipande.

Kwa nini mwongozaji anang'ang'ania saa ya kuondoka?

Kwa sababu ya maji. Bahari yetu hujaa na kupwa mara mbili kila siku, na siku za bamvua, mwezi mpya na mwezi mpevu, tofauti ni mita kadhaa. Maji yakiwa yamejaa utashuka karibu kabisa na Gereza. Yakipwa, chombo kinakwama mbali na unatembea kwenye tope na mawe. Siku za maji mafu, tofauti inapokuwa ndogo, mambo huwa nafuu.

Niliwahi kukosea hesabu hii mwenyewe. Nilichelewesha kundi Husuni Kubwa, jumba la kale lililo mbali na kijiji, kwa sababu maswali yalikuwa matamu, tukashuka ufukweni tukakuta mashua imelala ubavu juu ya mchanga. Mzee mmoja wa kundi lile alikuwa na goti bovu. Tulikaa saa tatu tukisubiri maji yarudi, naye akitabasamu kwa adabu na mimi nikijua anaumia. Tangu siku hiyo nikisema tunaondoka, tunaondoka.

## Matembezi yenyewe

Mzunguko unachukua muda gani?

Saa mbili kwa Gereza, Msikiti Mkuu, Msikiti Mdogo wa Kuba na Makutani, ambavyo viko karibu karibu. Ukiongeza Husuni Kubwa hesabu saa nne. Tunapenda kuanza saa moja asubuhi. Saa tano jua linakuwa utosini na kivuli ni haba.

Gereza ni gereza kweli?

Lilikuwa ngome. Wareno walijenga hapa mwaka 1505 na kuondoka mwaka 1512. Jengo unaloliona lilijengwa zaidi na Waomani mwanzoni mwa karne ya 19, likimeza mabaki ya ngome ya Kireno. Kuhusu jina, wapo wanaolihusisha neno gereza na neno la Kireno la kanisa, *igreja*. Simama mlangoni uangalie mbao zilizochongwa, kisha nenda upande wa baharini uone jinsi mawimbi yalivyoula ukuta. Mmomonyoko huo ni sababu mojawapo iliyofanya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara, zilizoingia kwenye Urithi wa Dunia mwaka 1981, ziwekwe kwenye orodha ya urithi ulio hatarini mwaka 2004. Zilitolewa mwaka 2014 baada ya kazi kubwa ya ukarabati, na mikono mingi ya kazi hiyo ilikuwa ya wanakijiji.

Nini hasa cha kuangalia Msikiti Mkuu?

Anza upande wa kaskazini, kwenye kibla. Hiyo ndiyo sehemu ndogo, ya zamani zaidi. Kisha geuka uangalie kusini: ukumbi mpana wa nguzo, matao na kuba, ulioongezwa karne ya 14 wakati wa Sultani al-Hasan bin Sulaiman. Ukumbi huo uliporomoka na ukajengwa upya karne ya 15. Kwa hiyo unapotembea hatua chache kutoka kibla kuelekea kusini, unapita karne kadhaa za mafundi waliojaribu, wakakosea, wakarudia.

Weka kiganja kwenye nguzo. Ni matumbawe. Jiwe gumu la kuta lilichimbwa ardhini. La nakshi, laini, lilitolewa baharini likiwa bichi na kuchongwa kabla halijakauka na kuwa gumu. Chokaa ni matumbawe hayo hayo yaliyochomwa kwa magogo. Dari za nyumba za kawaida zilibebwa na boriti za mikoko, ndiyo maana vyumba vya kale ni virefu na vyembamba: upana wa chumba ni urefu wa boriti. Kuba na matao ndiyo yaliyowaruhusu mafundi wa msikiti huu kuvuka mpaka huo.

Na Msikiti Mdogo wa Kuba? Watu wanausifu sana.

Nasi pia tunausifu. Ni wa karne ya 15 na ndio uliosimama vizuri kuliko majengo yote ya mji wa kale. Ingia polepole, macho yazoee kivuli, kisha tazama juu. Darini utaona viduara vilivyochimbika. Humo mafundi walipachika bakuli za kung'aa zilizokuja na vyombo kutoka ng'ambo. Nyingi zimeng'olewa au kuvunjika, na kilichobaki sehemu nyingi ni alama ya bakuli kwenye chokaa, laini kama chapa ya kidole. Asubuhi mwanga huingia mlangoni na kupanda ukutani taratibu. Tunawaomba wageni wakae hapa dakika 5 bila kupiga picha. Wengi hukaa 20.

Makutani maana yake nini?

Jina lenyewe linasema: penye kuta. Ni boma kubwa la masultani wa karne ya 18, enzi Kilwa ilipoinuka tena. Kuta za nje bado ni ndefu, na ndani utaona vyumba, vidaka na mahali pa choo.

Husuni Kubwa iko mbali. Inafaa kwenda?

Inafaa, kama miguu yako inaruhusu. Ni mwendo wa kilomita 2 hivi mashariki ya kijiji, kwenye mwamba unaotazama bahari. Al-Hasan bin Sulaiman aliijenga mwanzoni mwa karne ya 14: vyumba zaidi ya 100, nyua za kupokelea watu, ghala za bidhaa, na birika la kuogea la pembe nane ambalo kila mgeni hutaka kusimama katikati yake. Ngazi zinashuka kuelekea ufukweni. Haikukamilika, na haikukaliwa muda mrefu.

Wasioweza kutembea huenda kwa mashua hadi chini ya mwamba, lakini hapo maji ndiyo hakimu (tazama swali la saa ya kuondoka). Jirani yake ipo Husuni Ndogo, uzio wa mstatili wenye minara ambao wataalamu hawajakubaliana ulikuwa wa kazi gani. Wengine wanasema kambi ya askari, wengine soko.

## Historia mnayoulizia zaidi

Nani walijenga Kilwa? Waajemi, Waarabu, au sisi?

Hakuna swali tunaloulizwa kwa hamu kuliko hili, na mara nyingi anayeuliza ana jibu lake mfukoni.

Habari za Kilwa, zilizoandikwa kwa Kiarabu na kunukuliwa pia na Mreno João de Barros mwaka 1552, zinasema Ali bin al-Hasan alikuja kutoka Shirazi, Uajemi, akakinunua kisiwa kwa nguo za kukizunguka chote. Kwa muda mrefu wageni waliichukua hadithi hiyo kama ushahidi kwamba mji mzuri namna hii hauwezi kuwa wa Waafrika. Wachimbaji walipofukua, hasa kuanzia miaka ya 1960 chini ya Neville Chittick, walikuta kijiji cha wavuvi na wahunzi chini ya mji wa mawe, chenye vyungu vya watu wa pwani hii hii. Mji ulikua kutoka hapo, hatua kwa hatua, nyumba za udongo zikigeuka za mawe.

Mwaka 2023 ukachapishwa utafiti wa DNA ya mifupa kutoka makaburi ya miji ya pwani, Kilwa na Songo Mnara zikiwemo. Ulionyesha kuwa asili ya upande wa mama ilikuwa karibu yote ya Kiafrika, na kwamba kuanzia mwaka 1000 hivi palikuwa na wanaume wenye asili ya Uajemi waliooa hapa. Kwa hiyo mzee aliyesimulia habari ya Shirazi hakusema uongo, na bibi aliyesema "sisi ni wa hapa" naye hakusema uongo. Lugha iliyobaki midomoni ni Kiswahili, lugha ya Kibantu, lugha ya mama. Hilo mimi naliona ni jibu zito kuliko ukuta wowote.

Utajiri ulitoka wapi?

Dhahabu. Ilitoka bara, nchi ya Zimbabwe ya leo, ikashuka hadi bandari ya Sofala, Msumbiji ya leo, na Kilwa ilishika njia hiyo. Pembe za ndovu zilifuata. Upepo wa kaskazi uliwaleta wafanyabiashara na nguo, shanga na vyombo vya Kichina, kusi ikawarudisha. Watumwa pia waliuzwa, na hatupiti juu juu ya hilo. Karne ya 18 biashara hiyo ndiyo iliyoinua Kilwa upya, hata mwaka 1776 sultani akaandikiana mkataba na Mfaransa Morice wa kumpatia watu wa kupelekwa visiwa vya Bahari ya Hindi.

Msafiri wa kale Ibn Battuta alisema Kilwa ni mji mzuri, lakini pia alitaja majengo ya miti. Mbona tunaona mawe?

Alifika mwaka 1331, enzi za al-Hasan bin Sulaiman, na akauhesabu miongoni mwa miji mizuri na iliyojengwa vizuri zaidi. Maandishi yake yanataja ujenzi wa miti na mapaa ya majani, na wasomi wamebishana juu yake. Sisi tukitembea kijijini leo hatuoni fumbo. Mawe yalikuwa ya misikiti, majumba ya wakubwa na makaburi. Wakazi wengi waliishi nyumba za miti na udongo, na nyumba hizo haziachi magofu.

Anasimulia pia kuwa fakiri kutoka Yemen alimwomba sultani nguo alizovaa, naye akazivua akampa. Ndiyo maana walimwita Abu al-Mawahib, mwenye kutoa vipawa.

Mji ulikufaje?

Mreno Vasco da Gama alifika mwaka 1502 akadai kodi. Dhahabu ya Kilwa ilifuliwa huko Ureno ikawa chombo cha ibada kiitwacho Custódia de Belém, kilichokamilika mwaka 1506 na ambacho hadi leo kiko makumbusho ya Lisbon. Julai 1505 Mreno mwingine, Francisco de Almeida, aliuteka mji na kuupora. Biashara ya dhahabu ikakatika. Mwaka 1587 ukaja uvamizi wa Wazimba, wapiganaji kutoka bara. Mji uliinuka karne ya 18, Waomani wakaushika, na katika miaka ya 1840 sultani wa mwisho akapelekwa Maskati, Omani. Biashara ilikuwa imeshahamia Kivinje.

Ni kweli sarafu za Kilwa zimeonekana Australia?

Kweli. Sarafu 5 za shaba za Kilwa ziliokotwa mwaka 1944 kwenye kisiwa kilichoko kaskazini ya Australia. Zilifikaje, hapo kila mtu ana kisa chake. Usikubali kisa kinachoelezwa kama hakika.

## Adabu na vitendo

Nivae nini?

Nguo za kufunika mabega na magoti, wanaume kwa wanawake. Kanga begani inatosha na inazuia jua. Viatu vya kufunga, si ndala, kwa sababu ya mawe makali na miiba. Kofia, maji lita 2 kwa mtu. Dukani kijijini unaweza usikute maji ya chupa.

Naweza kuokota kigae au shanga?

Hapana. Utaviona vimetapakaa njiani, hasa baada ya mvua, na mtoto anaweza kukuletea ushanga mwekundu kiganjani akitaka uununue. Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 inakataza. Ukinunua leo, kesho watoto watachimba. Mwambie ahsante, mwulize ameutoa wapi, na mwachie mwongozaji aongee naye.

Na picha?

Magofu, piga. Watu, omba kwanza, na akikataa yaishe. Anza na salamu: "Shikamoo" kwa mzee, "Hodi" unapokaribia ua wa nyumba. Ukisalimia vizuri mara nyingi utaitwa ukae kabla hujaomba chochote.

Nitakula wapi?

Toa taarifa siku moja kabla na mama wa kijijini atakupikia: wali wa nazi, samaki au pweza, kachumbari. Fedha hiyo inabaki kisiwani moja kwa moja, kwa hiyo tunapendelea hivi kuliko kubeba vyakula kutoka Masoko.

## Hali za pekee

Nina mzazi mzee, au mtoto mdogo.

Kwa mzee, chagua siku ambayo maji yanajaa asubuhi, mshuke Gereza, mwone Msikiti Mkuu na Msikiti Mdogo wa Kuba, basi. Njia ni za mchanga na mawe na kiti cha magurudumu hakipiti bila kubebwa. Watoto wa miaka 6 na kuendelea hufurahi. Washike mkono karibu na visima vya kale na ukingo wa mwamba wa Husuni Kubwa.

Naweza kuja mwezi wa Ramadhani?

Karibu. Usile wala kunywa hadharani kijijini. Mwongozaji atakuonyesha mahali pa kujisitiri. Nahodha na mwongozaji wamefunga, kwa hiyo mzunguko ni wa asubuhi tu.

Watu bado wanaomba dua makaburini. Nifanye nini nikiwakuta?

Simama mbali, nyamaza, weka simu chini. Ukikuta kitambaa, ubani au chetezo juu ya kaburi, usiguse. Ziara itaendelea wakimaliza.

Naweza kuunganisha na Songo Mnara siku hiyo hiyo?

Ukiondoka alfajiri na maji yakikubali, ndiyo, lakini utakimbia kote kuwili. Songo Mnara ni mji wa karne ya 14 hadi 16, nyumba zake za mawe zimesimama vyumba kwa vyumba, na kushuka kwake mara nyingi ni kwa kuvua viatu na kupita majini kwenye mikoko. Upe siku yake.

Tumekuja kama shule. Mnapokea wanafunzi wangapi kwa mara moja?

Gawanyeni makundi ya watu 15 hivi, kila kundi na mwongozaji wake, moja lianzie Gereza na jingine Makutani. Ndani ya Msikiti Mdogo wa Kuba tunaingiza 10 tu. Walimu, tuleteeni maswali ya wanafunzi siku moja kabla. Yale tusiyoyaweza tutawapelekea wazee wa kijiji, na wao hupenda sana kuulizwa.